NAHODHA NAYE HUUMIA

(Haya ni mazungumzo niliyoyafanya na viongozi wa vikundi vya vijana. Nimeyaandika karibu vile vile nilivyoyasema, ili na wewe msomaji ambaye hukuwepo upate kukaa nasi.)

Haya, vuta kiti. Leo sikuja na picha za viungo vya mwili wala vipeperushi. Leo tunazungumza mpira, tena siyo ule unaoujua wewe.

Huko Australia wana mpira wao. Uwanja ni wa duara lililorefuka, mpira wenyewe una umbo kama la yai, na kila timu huingiza wachezaji 18. Unaruhusiwa kuudaka, kuupiga teke, kuusukuma kwa ngumi. Goli lina nguzo nne. Ukipitisha kwa mguu katikati ya zile mbili ndefu unapata alama 6, ukikosea kidogo pembeni unapata 1. Wakirukiana kuudaka mpira hewani utasema wanataka kupanda kichwani kwa mtu, na kweli wakati mwingine wanapanda!

Utaniuliza, wewe dada wa mambo ya afya na Australia wapi na wapi? Nilianza kuufuatilia mchezo huu baada ya kuangalia filamu moja ya mwaka 2019, The Final Quarter, inayomhusu mchezaji aitwaye Adam Goodes. Nitamrudia. Kutoka kwake nikaanza kutafuta habari za klabu yake, Sydney Swans, na hasa za manahodha wake. Nikajikuta nasoma mpaka usiku. Nilikuwa najisoma mwenyewe, kumbe.

Klabu hii haikuzaliwa Sydney. Ilianzishwa mwaka 1874 katika mji wa Melbourne, ikiitwa South Melbourne. Enzi hizo za zamani nahodha wa timu mara nyingi ndiye huyo huyo kocha. Yeye apange timu, yeye aifundishe, yeye aingie uwanjani kugongana na watu. Mwaka 1933 mtu wa namna hiyo alikuwa Jack Bisset. Dunia ilikuwa katika mdororo mkubwa wa uchumi, kazi hakuna, na rais wa klabu, Archie Crofts, alikuwa na maduka ya vyakula. Basi wachezaji wazuri walivutwa kwa kupewa ajira. Walitoka wengi Australia Magharibi, ambako nembo yao ni bata maji mweusi, na ndiyo sababu timu ikapewa jina la Swans. Bisset akawaongoza mpaka ubingwa. Waliifunga Richmond kwa tofauti ya alama 42. Baada ya hapo klabu ilikaa miaka 72 bila ubingwa. Sabini na miwili! Hebu fikiria, mtoto aliyezaliwa mwaka ule amekuwa babu.

Katikati hapo yapo mengi. Ipo fainali ya 1945 dhidi ya Carlton, wakati nahodha alikuwa Herbie Matthews, ambayo hadi leo inaitwa umwagaji damu kwa jinsi watu walivyotwangana. Ila mimi ninayempenda katika miaka ile mikavu ni Bob Skilton.

Skilton alikuwa mfupi, kama sentimita 171 hivi, katika mchezo wa majitu. Alijizoeza kupiga mpira kwa miguu yote miwili mpaka usijue wa kushoto ni upi. Medali ya Brownlow, ambayo waamuzi humpa mchezaji bora na mwadilifu wa ligi nzima, aliichukua mara tatu: 1959, 1963 na 1968. Alikuwa nahodha tangu 1961. Mwaka 1969 hakucheza hata mechi moja, kano ya kisigino ilikatika. Akakaa nje msimu mzima, akapona, akarudi 1970, na mwaka huo huo timu ikaingia hatua ya mtoano. Walitolewa mechi ya kwanza tu. Katika mechi zake zote 237, hiyo ilikuwa ndiyo ya mtoano pekee. Mtu bora kuliko wote, kombe hana. Lakini angalia ule mwaka wa 1969. Nahodha alikaa chini, na klabu haikufa.

Sasa ngoja niseme langu. Kidato cha tano nilikuwa nahodha wa netiboli. Wiki mbili kabla ya mashindano goti langu likavimba. Nilimwambia nani? Sikumwambia mtu. Nilifunga kitambaa ndani ya suruali ya mazoezi, nikameza dawa za maumivu nilizopewa na rafiki bila hata kusoma zimeandikwa nini, nikacheza. Nilijiona shujaa. Nusu ya kwanza ya mechi ya pili nikadondoka, nikatolewa nimebebwa. Timu ikapoteza nahodha pamoja na mechi, maana hakuna mwingine aliyekuwa ameandaliwa. Mpaka leo nikipanda ngazi goti hili linanisemesha. Na walimu walinisifu, siku ile, eti nina moyo. Hiyo sifa ndiyo inayoniudhi zaidi nikikumbuka.

Tuendelee. Mwaka 1982 klabu ilikuwa na madeni, ikahamishiwa Sydney, mji usioupenda sana mchezo huu. Barry Round ndiye alikuwa nahodha, akafuatiwa baadaye na Dennis Carroll. Mambo yalikuwa magumu. Kati ya 1992 na 1993 walipoteza mechi 26 mfululizo. Katika balaa hilo hilo wakamkabidhi unahodha kijana wa Wagga Wagga, Paul Kelly. Akapata Brownlow mwaka 1995, akaipeleka timu fainali 1996 (wakafungwa na North Melbourne), akakaa kwenye unahodha mpaka 2002. Watu walimwita Nahodha Jasiri kwa jinsi alivyojitupa kwenye mpira bila kujali mwili wake. Namheshimu sana. Lakini jina kama hilo lina hatari yake, siyo? Ukiitwa Jasiri, siku unayoogopa utaenda kwa nani?

Kelly alipoondoka alikuja kocha mpya, Paul Roos, na hapo ndipo kilitokea kitu ambacho nataka ukishike. Wachezaji walikaa pamoja wakajiwekea masharti yao wenyewe, namna ya kuishi, kufanya mazoezi na kuambiana ukweli. Uongozi ukawa wa kundi, siyo wa mtu mmoja. Stuart Maxfield akawa nahodha mwaka 2003. Katikati ya msimu wa 2005 goti la Maxfield likamshinda. Hakufunga kitambaa kama mimi. Akaachia unahodha, na mwaka huo akaacha kucheza kabisa.

Wengine tungesema, ndiyo basi tena, timu imekwisha. Wao wakaamua unahodha uzunguke. Wachezaji sita walipokezana, leo huyu, kesho yule. Siku ya fainali zamu ilimwangukia Barry Hall. Walishinda kwa alama 58 kwa 54 dhidi ya West Coast, Leo Barry akidaka mpira wa mwisho hewani katikati ya kundi la watu sekunde chache kabla ya kipenga. Ubingwa wa kwanza tangu 1933, na ulipatikana mwaka ambao nahodha wao aliugua akakaa pembeni.

Usidhani nawapamba. Huyo huyo Hall mwaka 2008 alimpiga mchezaji mwenzake wa timu pinzani ngumi ya taya mbele ya kamera zote, akafungiwa mechi saba. Na Callum Mills, ambaye mwaka 2024 alikabidhiwa unahodha peke yake, alikuwa ameumia bega kwenye sherehe za kufunga msimu wa 2023, katika utani wa kuvutana mieleka na mwenzake. Akakosa sehemu kubwa ya msimu. Alirudi, akaumia paja, akaikosa na fainali yenyewe, ambayo Brisbane waliwachapa kwa tofauti ya alama 60. Vijana wenzangu, utani wa sherehe mnaujua. Mifupa haijui utani.

Nilisema nitamrudia Goodes. Huyu ni mzawa wa asili wa Australia, Brownlow mbili, 2003 na 2006. Alikuwa mmoja wa manahodha kuanzia 2009, na 2012 yeye na Jarrad McVeigh waliongoza pamoja wakachukua ubingwa dhidi ya Hawthorn. Siku ile Goodes aliumia goti uwanjani na bado akafunga goli muhimu akichechemea. (Ndiyo, najua, hapa ananiharibia hoja yangu. Lakini benchi zima lilijua ameumia, hakuficha.) Na McVeigh alikuwa ametoka kumzika mtoto wake mchanga mwaka 2011, jambo ambalo amelizungumza hadharani. Unahodha wa watu wawili una faida hiyo pia: mmoja akilemewa na msiba, mwenzake yupo.

Baada ya ubingwa Goodes aliachia unahodha. Mei 2013, msichana wa miaka 13 akamwita nyani kutoka jukwaani. Alimwonyesha kwa kidole, na kesho yake akawaomba watu wasimwandame yule mtoto. Kuanzia hapo, na zaidi baada ya kutangazwa Mwaustralia wa Mwaka 2014, viwanja vizima vilikuwa vikimzomea kila akigusa mpira. Wiki baada ya wiki. Agosti 2015 alisema imetosha, akakosa mechi, akakaa mbali apumue. Mwisho wa msimu akastaafu akiwa na mechi 372, bila kuzunguka uwanja kuaga kama wastaafu wenzake. Mwaka 2019 ligi na klabu zake zote zikamwomba radhi. Miaka minne kuchelewa!

Nilipoiona ile filamu nilijiuliza, mtu aliyebeba timu nzima, alipozidiwa moyoni, nani alimwuliza unaendeleaje? Goti likivimba linaonekana. Usingizi ukikukimbia miezi mitatu, nani anaona?

Basi sasa kisa cha mwisho, cha hapa kwetu, na mwenyewe ameniruhusu nikisimulie bila jina. Ni mwenyekiti wa kikundi kimoja cha waelimishaji rika. Anajua kuongea huyo! Kazi yake ilikuwa kufundisha dalili za kifua kikuu: ukikohoa wiki mbili au zaidi, ukitokwa jasho usiku, ukikonda, nenda kapime makohozi. Alifundisha hivyo huku yeye mwenyewe anakohoa wiki ya tano. Nilipomwuliza, alisema ni vumbi. Nilipombana, akasema, "Dada, mimi ndiye mwenyekiti. Nikikutwa nao watanisikiliza tena?"

Nikamwambia habari za goti langu. Halafu nikamwambia za Maxfield. Akacheka, akasema Wazungu hao wana wachezaji wengi wa akiba. Kesho yake lakini alikwenda. Alikutwa nao kweli. Ni dozi ya miezi sita, hairukwi hata siku moja, na watu wa nyumbani kwake nao walipimwa. Mdogo wake mmoja akakutwa nao mapema, kabla haujamkalia.

Kikundi kiliitwa. Alisimama akawaeleza mwenyewe, mikono inamtetemeka. Palikuwa kimya mpaka msichana mmoja akauliza, "Sasa nani anashika daftari?" Ndipo nikawasimulia ya 2005, wakakubaliana uenyekiti uzunguke kwa miezi hiyo sita, kila mwezi mtu wake. Aliyeuliza swali ndiye akaanza. Mwezi wa kwanza mahesabu yalichafuka kidogo, mwezi wa pili yakatulia. Mwenyekiti wetu amefika mwezi wa nne wa dozi, kilo zinarudi. Leo alikaa kiti cha nyuma kabisa karibu na dirisha, na nilipofika kwenye habari za Maxfield alinikonyeza.