Thabai, Mboga ya Kudumu

Thabai ni yale majani yawashayo yaotayo kandokando ya msitu wa Mau na katika mahame ya mazizi. Wapitao huyakwepa, akina mama wa Molo huyapika. Mmea huu haufi kwa msimu mmoja, bali mizizi yake huchipua tena mvua inyeshapo. Basi ya nini kuufuata msituni kila siku? Kipande chenye mizizi hupandwa karibu na shimo la samadi, mbali na njia ya watoto. Huchumwa ncha changa tu, kabla ya maua, mkono ukiwa umefungwa kitambaa. Zikichemshwa, muwasho hutoweka. Kisha hupondwa pamoja na viazi na mahindi. Nayo hupatikana mwezi wa Mei, mahindi yangali machanga shambani na ghala limekwisha kuwa tupu.