Mtu Mmoja na Chombo Chake



Leo tuzungumze juu ya mtu anayepiga muziki peke yake. Si bendi, si kikundi cha ngoma. Ni mtu mmoja na chombo chake.

Wazee mliopo hapa mnazikumbuka zile ngoma zilizokuwa zikilia Redio Tanzania kabla ya taarifa ya habari. Ukizisikia unadhani ni watu watano. Kumbe ni mmoja, Mzee Morris Nyunyusa, tena alikuwa haoni! Alizipanga ngoma kubwa na ndogo kumzunguka, akazipiga zote mwenyewe. Mtu wa namna hiyo lazima mikono yake ijue kila ngoma ilipo. Moja ikisogezwa kidogo tu, anapiga hewa.

Ukiwa kikundini, ukikosea mwenzako anakufichia. Ukichoka, waitikiaji wanakupumzisha. Peke yako, ukinyamaza, uwanja mzima umenyamaza. Ndiyo maana mpiga zeze mjanja huwafundisha watu kiitikio kifupi mapema kabisa. Wakiitikia, yeye anavuta pumzi. Wasikilizaji wamekuwa kikundi chake, na wenyewe hawana habari.

Chombo nacho kina vituko. Ngozi ya ngoma ikipata unyevu hulegea, lazima uiote motoni. Uzi wa zeze hukatika katikati ya wimbo. Hapo ni lazima uwe na uzi wa akiba mfukoni na kisa cha kuchekesha mdomoni. Mkono unafunga, mdomo unasimulia.

Lakini taabu kubwa ni malipo. Kikundi kina mwenyekiti na mweka hazina wa kudai. Huyu mmoja anapiga arusini usiku kucha, alfajiri anapewa pombe na ahsante. Eti alikuwa anajifurahisha! Mimi hilo silikubali. Fundi akijenga nyumba, nani anamwambia alikuwa anacheza na matofali?

Sasa kusoma tunajua. Kabla ya siku ya shughuli, chukueni daftari. Andikeni tarehe, saa ya kuanza na saa ya kumaliza, fedha ngapi, na nani atatoa nauli. Mwenye shughuli atie sahihi, mpigaji atie sahihi, na shahidi pia. Asiyejua kusoma asomewe kwa sauti. Nusu ya fedha itolewe kabla ya wimbo wa kwanza.

Na chakula kiandikwe pia. Hakuna anayeimba vizuri mpaka usiku wa manane huku akinusa pilau la wenzake.