Tuchange, na Tuzungumze



Kabla ya kutaja fedha, tuna jambo la kukiri. Tulichangishana mabati ya darasa, tukayatuma nyumbani, tukasubiri kusikia paa limepanda. Kimya. Mipango yote tuliifanyia Dar es Salaam, karibu kilomita 700 kutoka kijijini.

Tukafunga safari. Kwenye mkutano mkuu wa kijiji tulianza vibaya. Baadhi yetu Kinyaturu kimetutoka. Tulipokichanganya na Kiswahili, wazee walicheka. Tulipolalamika kuhusu mabati, mama mmoja akasimama: "Wanangu, mnatuma hela kama watu wanaolipa deni. Mbona hamtuulizi?"

Tulijitetea, tukakosea tena, tukaomba radhi. Ndipo tukaambiwa kwamba kuta zina nyufa, haziwezi kubeba paa. Walikuwa wameona haya kusema, wasije wakaonekana hawana shukrani. Siku ile tuliondoka na makubaliano: kuta kwanza, kijiji kitoe mawe, mchanga na nguvukazi, sisi tutoe saruji na nondo.

Mkutano mkuu wa kijiji hukaa kila miezi mitatu. Tumekubaliana tusikose mwakilishi tena.

Basi leo tuchangie saruji kwa moyo. Na jioni kila mmoja wetu apige simu nyumbani, hata kwa Kinyaturu kibovu. Tukikosea, wazee watacheka na kutusahihisha. Tukinyamaza, nyufa hatutazijua.