Hukumu Ikitolewa Ukiwa Dago

Ndugu wanakisomo wa Saadani,

Leo tuzungumze habari ya dhamana ya mahakamani. Hapa kwetu jambo hili lina uzito, maana wavuvi huenda dago wakakaa wiki nyingi, na samansi haingoji bamvua wala maji mafu.

Tuchukue mfano. Mvuvi amekopa nyavu kwa mnunuzi wa kamba, deni shilingi 600,000. Mnunuzi amefungua madai Mahakama ya Mwanzo. Siku ya kesi mvuvi hayupo. Mahakama inasikiliza ushahidi wa mdai peke yake, inakata shauri. Hiyo ndiyo hukumu ya upande mmoja. Mvuvi anarudi anaambiwa mashine ya boti yake itakamatwa.

Wengi hapo husema, "Basi, yamekwisha." Hayajakwisha, jamani! Kanuni za madai katika Mahakama za Mwanzo, Tangazo la Serikali Namba 310 la mwaka 1964, zinampa mdaiwa nafasi ya kurudi mahakama ileile kuomba hukumu itenguliwe. Aoneshe moja kati ya mambo mawili: kwamba samansi haikumfikia kama inavyotakiwa, au kwamba alizuiwa na sababu ya kutosha. "Nilisahau" si sababu. Barua ya mtendaji wa kijiji, maneno ya nahodha mliyekuwa naye dago, cheti cha hospitali, hivyo ni vitu vya kushika mkononi. Na usikawie, kwani muda wa kuomba una mwisho wake.

Sasa tuje kwenye dhamana yenyewe. Mahakama ikikubali kutengua, inaweza kutoa masharti. Huenda ikasema umlipe mdai gharama za siku zilizopotea, au uweke fedha mahakamani, au ulete mdhamini. Mtu akisikia hivyo hudhani amelipishwa deni. Sivyo. Fedha hiyo inakaa mahakamani kesi ikisikilizwa upya. Ukishinda unarudishiwa, ukishindwa inakwenda kwenye deni. Shabaha yake ni kumlinda mdai, asije mwenzake akapata mwanya wa kuuza mashua usiku na kuhamia Pangani. Sisi tunaona hiyo ni haki, maana mdai naye ana watoto.

Lakini dhamana kubwa mno humfungia maskini mlango. Katiba yetu ya mwaka 1977, ibara ya 13(6)(a), inasema mtu ana haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu. Sheria ya Mwenendo wa Madai ya mwaka 1966, inayotumika katika mahakama za juu, inataja wazi gharama na kuweka fedha mahakamani. Kanuni za Mahakama ya Mwanzo hazikupanga kiasi. Zimemwachia hakimu aweke masharti anayoona yanafaa. Maana yake nini? Maana yake una nafasi ya kusema. Simama useme, "Mheshimiwa, laki sita sina. Naomba niweke laki moja, na huyu ndugu yangu mwenye minazi anidhamini." Hakimu halazimiki kukubali, ila asipoambiwa atajuaje hali yako? Na kama samansi haikukufikia kabisa, liseme hilo kwanza, kabla ya habari za fedha. Kosa hapo si lako.

Kuna jambo watu hulisahau. Kupeleka ombi la kutengua hakumzuii dalali wa mahakama kuja kukamata mali. Omba pia, siku hiyohiyo, ukazaji wa hukumu usimamishwe.

Fedha usimpe mtu mkononi, hata akijiita karani. Lipa kwa namba ya malipo ya Serikali, udai stakabadhi, uitunze na daftari lako la kisomo.

Ombi likikataliwa, kuna rufani Mahakama ya Wilaya, ndani ya siku 30. Wasaidizi wa kisheria wanaotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 hutoa msaada bure. Nendeni kwao na hukumu yenyewe, msiende na habari ya mdomo. Kusoma mnajua, isomeni kwanza, mtazame tarehe.