Ukicheza, nyamazisha magurupu, usinyamazishe watu

Maneno yaliyosomwa mbele ya vijana wa Baraka na wa Fizi, kwenye mkutano wetu wa raia.



Niliombwa kusema juu ya simu, na najua wengine hapa walikuwa wanangoja niwaambie muache kucheza. Sitasema vile. Tuko wengi hapa wenye diplome ndani ya bahasha, na kazi hakuna. Miye pia nilimaliza chuo kikuu, niliandika barua za kuomba kazi, na nyingi hazikupata hata jibu la kukataa. Kijana wa namna hiyo, jioni jua likishuka nyuma ya milima, akifungua Ludo kwenye simu ili acheze na rafiki zake wa Uvira na wa Kalemie, hakuna mtu ana haki ya kumuita mvivu. Hata mtu asiye na kazi anachoka. Na mtu aliyechoka anahitaji kupumzika.

Lakini tuangalie hilo pumziko linakuwa namna gani. Umeanza kucheza. Zamu yako imefika, na saa ya mchezo inahesabu sekunde. Hapo hapo, juu ya kioo, inashuka meseji ya gurupu la kwanza. Halafu ya gurupu la pili. Halafu kile kiduara cha Messenger chenye sura ya mtu kinakuja kukaa juu ya kete yako. Unataka kukisukuma pembeni, kidole kinagusa vibaya, mchezo unafunga, na ukirudi zamu imepita. Kwa wale wa Free Fire ni mbaya zaidi, juu ya pale sekunde mbili zinatosha kukuua. Na kwa wote, kila video ya gurupu inayojipakua yenyewe inakula mega ulizonunua kwa feza ya kutafuta.

Watu wanafikiri hiyo ni bahati mbaya. Hapana. Imetengenezwa iwe vile. Wakubwa wetu waliokuwa na Facebook zamani wanakumbuka FarmVille, ule mchezo wa shamba wa kampuni ya Zynga. Ulitoka mwaka 2009, na mwanzoni mwa 2010 wachezaji wake walipita milioni 80 kwa mwezi. Mchezo wenyewe ulikuwa unakusukuma utume maombi kwa rafiki zako: nisaidie mbegu, nipe zawadi, njoo kwangu. Hata asiyecheza alikuwa anasumbuliwa. Wengi walilalamika, mpaka Facebook yenyewe ikapunguza zile taarifa za michezo. Mchezo ule wa Facebook ulifungwa mwisho wa mwaka 2020, lakini mazoea hayakufungwa. Vile viduara vya Messenger vilikuja mwaka 2013, na kazi yake ni moja: maongezi yabaki juu ya kitu chochote unachofanya. Hizi kampuni zinaishi kwa matangazo. Kila mara unapoangalia kioo, kuna mtu mbali sana anapata kitu. Wewe unapoteza zamu, unapoteza mega, unapoteza moto wa batri uliolipia kwenye nyumba ya kuchaji.

Kama ingekuwa hivyo tu, ningekaa chini sasa hivi. Lakini sisi ni watu wa Fizi, na kwetu meseji haiko kitu cha mchezo.

Munakumbuka mwanzo wa 2025. Goma ilianguka mwisho wa mwezi wa kwanza, Bukavu ikafuata katikati ya mwezi wa pili. Siku zile simu zetu hazikulala. Sauti zisizo na mwenyewe zilikuwa zinapita gurupu kwa gurupu: wamefika hapa, wamepita pale, kimbieni. Zingine zilikuwa za kweli. Zingine zilikuwa uongo, ao picha za vita vya zamani, ao za inchi nyingine. Na mama mwenye watoto watano hana namna ya kuzitenganisha. Anafunga mizigo, anashuka kando ya ziwa kutafuta mtumbwi, kesho yake anarudi, na pale nyumbani vitu vimeibiwa.

Njo maana kijana wa hapa anafanya moja kati ya mambo mawili. Wa kwanza anaacha kila kitu kikiwa wazi. Anasema: "Nitajuaje kama kuna hatari?" Basi anacheza huku moyo unaruka, na kila dakika anasoma uvumi. Wa pili anachoka, anakata vyote, anaficha meseji zote ili acheze kwa amani. Siku dada yake yuko kwenye barabara ya kutoka Uvira na gari imesimamishwa, anapiga, anapiga tena, hapati mtu.

Miye nasema wote wawili wamechanganya vitu viwili, gurupu na mtu. Gurupu la watu mia mbili na makumi tano halijui kama uko hai. Mama yako anajua. Kwa hiyo tukificha maongezi wakati wa mchezo, tufiche gurupu, na mtu tumwachie njia ya kutufikia. Hilo ndilo neno langu la leo. Mengine yote ni namna ya kulifanya.

Tuanze na WhatsApp. Shika jina la gurupu kwa kidole mpaka lichaguliwe, halafu bonyeza alama ya kengele yenye mstari. Itakuuliza: saa 8, wiki moja, ao daima. Kwa gurupu la kelele chagua daima. Hautatoka ndani ya gurupu, na hakuna atakayeambiwa kwamba umelinyamazisha. Kama hutaki hata kuliona, liweke kwenye kumbukumbu. Tangu 2021 maongezi yaliyowekwa mule yanabaki mule hata meseji mpya ikiingia. Halafu ingia kwenye mipangilio, uzuie picha na video kujipakua zenyewe. Hiyo peke yake itakurudishia mega nyingi.

Upande wa Messenger, zima vile viduara kwenye mipangilio yake. Zima pia ile alama ya kijani inayoonyesha kwamba uko hewani, juu ya wengi wanakuandikia kwa sababu tu wamekuona.

Halafu simu yenyewe. Simu nyingi za Android ziko na modi ya mchezo inayozuia meseji kushuka juu ya kioo. Na karibu zote ziko na modi ya usinisumbue. Hapa ndipo watu wengi wanakosea. Wanaiwasha bila kuipanga, na simu inakuwa kama imekufa. Ndani yake kuna nafasi ya kuchagua watu ambao simu yao itaita hata modi ikiwa imewashwa. Weka pale watu watatu ao wane: mzazi, ndugu wa nyumbani, jirani wa kutegemewa, na kamarade mmoja. Kuna pia nafasi ya kuruhusu mtu anayepiga mara ya pili ndani ya dakika 15. Iwashe. Mtu mwenye shida ya kweli hapigi mara moja.

Usichukue njia ya mkato ya modi ya ndege. Utacheza mchezo wa peke yako bila kusumbuliwa, ni kweli, lakini hakuna atakayekupata, na wewe hautajua.

Usisahau maongezi yaliyo ndani ya mchezo wenyewe. Dada zetu wanaocheza wanajua ninachosema. Mtu hakujui, akisikia sauti ya msichana anaanza matusi, ao anaomba namba. Na mara nyingine mtu akijua unatoka Kongo, ao akisikia jina lako, anaanza maneno ya kabila. Hauko na deni la kumsikiliza. Michezo mingi ya pamoja iko na alama ya kuzima sauti ya mchezaji mmoja, na ya kumfungia kabisa. Mzime, mfungie, mripoti, endelea kucheza. Na nyinyi wanaume muliomo kwenye timu ile ile, musicheke. Ukicheka, umemsaidia.

Sasa nije kwenye jambo gumu zaidi.

Kamarade mmoja aliniuliza: "Kama nimenyamazisha gurupu la chuki, si nimekuwa kama mtu anayeziba masikio nyumba ya jirani ikiungua?" Swali lake ni la haki. Kuficha meseji kunakulinda wewe kwa saa moja ya mchezo. Hakuizuii ile meseji kutembea. Sisi tunajua maneno yanafanya nini kule juu, kwenye milima ya Fizi, Uvira na Mwenga. Tunajua ni vijiji ngapi vimebaki majivu. Mbele ya moto kulikuwa na maneno. Yawe yanasema Mubembe, Mufuliiru, Munyindu, Mubuyu ao Munyamulenge, maneno yanayomtoa mtu kwenye utu wake yanafanya kazi ile ile.

Kwa hiyo tutofautishe. Gurupu la kelele, la vichekesho na mpira, unalinyamazisha, basi. Gurupu la uvumi, unalinyamazisha wakati wa mchezo, halafu unalifungua saa yako, ukiwa umetulia, na unauliza: nani alisema, alikuwa wapi, lini? Kama hakuna jibu, meseji inaishia kwako. WhatsApp yenyewe iliona hatari hii. Tangu 2019 hauwezi kusambaza meseji kwa maongezi zaidi ya matano kwa mara moja, na tangu 2020 ile iliyokwisha kusambazwa mara nyingi inaenda kwa moja tu kila mara. Ukiona mishale miwili juu ya meseji, ujue imetembea sana, na mwenye kuianzisha haumjui. Na gurupu linaloita watu kuua ao kufukuza kabila, hilo halina cha kunyamazishwa. Unaweka ushahidi, unaripoti, unatoka. Inchi yetu iko na sheria dhidi ya ukabila tangu 1966, na sheria ya mambo ya dijitali ya 2023 nayo inaadhibu mwenye kusambaza meseji za chuki ya kabila kwa makusudi. Kwa hiyo anayesema "miye nilisambaza tu" asifikiri neno hilo litamwokoa.

Wengine watasema: nyinyi wa harakati ya raia, jana mulipinga serikali kukata intaneti, leo munatuambia tuzime meseji. Tulipinga, ndiyo, na tutapinga tena. Mwisho wa 2018, baada ya uchaguzi, intaneti ilikatwa inchi nzima karibu wiki tatu, mpaka karibu tarehe 20 mwezi wa kwanza 2019. Hatukuulizwa. Mtu hakuweza kujua ndugu yake wa Bukavu ao wa Kinshasa amelala namna gani. Ukikatwa na mwingine, anachagua yeye usisikie nini. Ukinyamazisha mwenyewe gurupu kumi na kuwaachia watu wane njia, umechagua wewe. Na ukitaka kufungua, unafungua.

Naomba basi tukubaliane mambo matatu kabla hatujaachana.

La kwanza: kati yetu, hatari haitangazwi kwa meseji ya gurupu. Inatangazwa kwa kupiga simu. Kila kartie ichague watu wawili wa kupiga na wa kuhakikisha. Tukizoea hivyo, hakuna tena sababu ya kuacha magurupu yote yalie usiku na mchana kwa woga.

La pili: kila mmoja, leo hii mbele ya kulala, apange ile orodha yake ya watu watatu ao wane. Halafu awafundishe mama na baba yake kitu kimoja tu: "Kama ni shida ya kweli, unipigie mara mbili." Wengi wao hawasomi meseji, lakini kupiga wanajua.

La tatu: tunaosimamia magurupu, tuweke saa. Usiku wa manane gurupu lifungwe, wasimamizi peke yao waandike. WhatsApp inaruhusu. Watu walale. Mtu aliyelala vizuri hadanganywi kirahisi asubuhi.

Najua hii haitaleta kazi. Barabara ya Uvira haitatengenezwa juu ya wewe umezima viduara vya Messenger. Wanaotutawala wataendelea kudaiwa, na tutawadai: kazi, barabara, umeme, usalama. Lakini mtu anayeshtushwa kila dakika hawezi kukaa saa moja kusoma bajeti ya mji, ao kuandika barua ya kudai haki ya kartie yake. Hata kucheza mchezo mmoja mpaka mwisho anashindwa. Vichwa vyetu tunavihitaji kwa kazi hiyo.

Kwa hiyo muende, mucheze, mushinde. Na simu ya mama ikiita katikati ya mchezo, muache kete, mujibu.