Mmea Mdogo wa Ufukoni na Mchanga wa Nyumba Zetu



Najua ya kuwa wengi wenu mlitazamia nizungumze habari za mishahara au za malipo ya uzeeni. Niwieni radhi. Jioni hii nataka kusema juu ya mmea mdogo ambao wengi wetu tumeukanyaga bila kuutazama.

Mmea huu huota katika fuo zetu, kuanzia Kunduchi na Msasani upande wa Kinondoni, hata Kigamboni, nchi iliyokuwa zamani ndani ya Temeke. Hutambaa chini. Shina lake lina wekundu, na majani yake ni manene, yamejaa maji, yamekaa mawili mawili yakielekeana. Ua lake ni dogo, lina ncha tano kama nyota, rangi yake ya waridi, nalo hufumbuka mchana kwa saa chache tu. Wataalamu huuita Sesuvium portulacastrum. Linnaeus wa Sweden aliuandika katika mwaka wa 1753 kwa jina jingine, akalisahihisha mwaka 1759, kama karani mwema asahihishavyo jalada lake.

Makao yake ni pale ambapo maji ya bamvua hufika na kurudi, na pembezoni mwa mikoko. Mimea mingi ikipandwa hapo hufa kwa chumvi. Huu huipokea chumvi, ukaiweka akiba ndani ya majani pamoja na maji mengi, isiudhuru. Ndiyo sababu ya unene ule. Ukitafuna jani utaionja chumvi yenyewe, na katika nchi nyingi watu huyachemsha majani hayo wakayala kama mboga.

Walakini kazi yake kubwa ni nyingine. Shina likitambaa, kila kifundo chaweza kutoa mizizi. Mchanga upeperushwao na upepo hunaswa kati ya matawi, nao mmea hupanda juu yake na kuota tena. Hivyo fungu la mchanga huinuka kidogo kidogo. Haba na haba hujaza kibaba.

Sasa naungama kosa langu. Siku moja mimi na wenzangu tulikwenda kusafisha ufuo. Tukaokota takataka, na hilo lilikuwa jema. Kisha tukaung'oa mmea huu wote kwa majembe, tukaona pamependeza. Ulipovuma upepo wa kusi nilirudi, nikaona mchanga tuliouacha wazi umechukuliwa, na mizizi ya mnazi uliokuwa karibu inaning'inia hewani. Sisemi ya kuwa mmea huu peke yake ungeweza kuizuia bahari. Nasema tulimwondoa mlinzi bila kuuliza kazi yake.

Maana ufuo una adui mwingine, naye hutoka kwetu sisi tunaojenga. Mchanga wa pwani huletwa kwa sehemu kubwa na vijito vishukavyo kutoka bara. Katika miaka ya 1970 na 1980 pwani ya Kunduchi ilimegwa vibaya na bahari, nao wataalamu walitaja kuwa moja ya sababu ni uchimbaji wa mchanga wa kujengea katika vijito kama Tegeta na Mbezi. Mchanga usiofika baharini hauwezi kuujaza ufuo, na mmea hauwezi kuushika mchanga usiokuwapo. Karani akinunua lori la mchanga apige matofali ya nyumba yake, haulizi umetoka wapi. Mimi pia sikuuliza.

Usipoziba ufa utajenga ukuta. Methali hii katika Dar es Salaam si mfano tu: kuta za kuizuia bahari zimekwisha kujengwa kando ya barabara ya pwani iliyoitwa Ocean Road, na Kigamboni pia, kwa fedha nyingi. Mmea wetu hufanya kazi yake bila mshahara.

Basi nina mashauri matatu. Tusafishapo ufuo, tuokote takataka na kuuacha mmea. Tununuapo mchanga, tuulize umechimbwa wapi, na kama umetoka kijitoni pasipo ruhusa tuukatae, hata ukiwa rahisi. Na Jumapili moja tuwachukue watoto wetu ufukoni mchana, maua yakiwa wazi, tuwaonyeshe.