Taifa Linapomwomba Mkimbiaji Asikimbie

(Hotuba ya Mratibu wa Miradi wa Dayosisi kwa kamati za sharika)



Tukizungumzia michezo ya vijana, kwa kawaida tunahesabu mipira na jezi. Leo tunaomba tutazame jinsi michezo ilivyotusaidia kujiona Watanzania, na ni nani aliyelipia.

Oktoba 1968, mjini Mexico City, John Stephen Akhwari alianguka katika marathoni, akaumia goti na bega. Wakimbiaji 18 waliacha mbio zile njiani. Yeye alifika wa mwisho, zaidi ya saa moja baada ya mshindi, Mamo Wolde wa Ethiopia. Hata hivyo wengi wetu tunamjua Akhwari kuliko Wolde. Taifa changa lilijitambua katika mguu uliofungwa bandeji.

Kisha Filbert Bayi. Tarehe 2 Februari 1974, huko Christchurch, New Zealand, aliongoza mbio za mita 1500 tangu mwanzo hadi mwisho, akaweka rekodi ya dunia ya dakika 3 na sekunde 32.2, mbele ya mwenyeji John Walker. Watu wakasubiri wakutane tena Olimpiki ya Montreal, 1976. Hawakukutana. Timu ya raga ya New Zealand ilikuwa imekwenda kucheza Afrika Kusini ya makaburu, na Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki ikakataa kuiondoa nchi hiyo. Tanzania na nchi nyingine zaidi ya 20, karibu zote za Afrika, zikasusia. Walker akatwaa dhahabu.

Tunaamini uamuzi ule ulikuwa wa haki. Lakini tuseme kweli: heshima tuliipata sote, hasara ikawaangukia wanamichezo wachache, ambao miaka yao ya nguvu ni michache. Bayi alipata fedha Moscow mwaka 1980 katika kuruka viunzi na maji, na Suleiman Nyambui fedha katika mita 5000. Hadi Michezo ya Paris 2024, hatukuwa na medali nyingine ya Olimpiki.

Septemba 2025 Alphonce Simbu alishinda marathoni ya ubingwa wa dunia Tokyo, kwa tofauti ya sekunde 0.03 tu. Tulipoamka tukamwita “mtoto wetu”. Vizuri. Ila ukishamwita mtu mtoto wako, utaulizwa anakula nini, na nani humtibu akiumia.

Katika maombi ya miradi ya michezo yaliyotufikia kutoka sharikani tumeona viwanja, nyavu na vikombe. Fungu la matibabu na ada ya shule ya mchezaji halimo. Tunaomba liongezwe kabla bajeti haijapitishwa.